Siku Tupu ya Magulumbi

Pale Dutwa, njia ya magari ya kwenda Bariadi inapokutana na kijia kinachotoka kwenye banda la kununulia pamba, palikuwa na ubao mrefu uliolazwa juu ya mawe mawili. Zamani ulikuwa ubao wa nyuma wa lori, na msumari wake mmoja mnene ulibaki umechomoza, kwa hiyo wageni walichana nguo na wenyeji walijua pa kukaa. Mwaka ule wa hamsini na sita, msimu wa pamba ukiwa umechanganya na vumbi likiingia mpaka kwenye meno, wenyeji wa ubao huo walikuwa watatu. Wa kwanza ni Boniventura, aliyeitwa Bama kwa sababu ya vita alivyokwenda kupigana huko Burma, mtu mwenye koti la jeshi na maneno mengi ya kubuni. Wa pili ni Zengo, mpima pamba, aliyeitwa Mizani kwa kuwa hakukubali neno mpaka aligeuze pande zote. Wa tatu ni Jilala, aliyeitwa Kengele, kwa kuwa baiskeli yake ilisikika muda mrefu kabla ya yeye kuonekana. Kahawa yao aliipika Pelagia, mama kijana ambaye mumewe, Constantine, alikuwa Mwanza kwenye kiwanda cha kuchambulia pamba. Pelagia alikaa kwenye kigoda mbele ya mafiga yake, mtoto mgongoni, birika jeusi mbele yake, na masikio yake yalikuwa ubaoni pamoja na ya wale wengine.

Alasiri ile ya Alhamisi hakuna aliyecheka. Vikombe vilishikwa mpaka kahawa ikapoa. Hata Kengele, ambaye kwa kawaida alikuwa akiwatania wapita njia wote, aliacha watu watatu wapite bila kuwasema viatu vyao.

Sababu ilikuwa mgongoni kwa Pelagia. Mtoto wake, Malimi, alikuwa na miezi mitano na kifua kibaya. Jumamosi iliyopita Kengele aliwabeba mama na mtoto kwenye baiskeli hadi zahanati ya misheni upande wa Bariadi. Walilala kwa ndugu yao huko, mtoto akachomwa sindano mbili, wakarudi Jumatatu jioni. Mganga wa zahanati alisema sindano ya tatu ni Ijumaa, na akairudia hiyo Ijumaa mara mbili, polepole, akimwangalia Pelagia usoni.

— Ugonjwa umelala tu, mama. Tukikosa hiyo ya tatu, utaamka, na ukiamka sijui kama nitauweza.

Ijumaa hiyo ilikuwa kesho. Na kesho hiyohiyo, kwa hesabu ya Magulumbi, ilikuwa Siku Tupu.

Magulumbi ni nchi ambayo haiko. Bama aliianzisha wakati wa kuvuna mtama, siku moja lori la pamba lilipochelewa na watu hawakuwa na la kufanya. Alisema huko kuna miezi miwili angani, mkubwa na mdogo, na ule mdogo humfuata mkubwa kama ndama anavyomfuata mama yake. Ndama anapoingia chini ya mama kunyonya, haonekani tena, na hapo ndipo hesabu ya mwezi huisha. Ubao mzima uliipenda nchi hiyo. Mizani alitaka kujua wiki yao ina siku ngapi, wakabishana mpaka jua likazama, wakakubaliana siku tisa. Kengele alidai siku moja iwe ya watu waliopata pancha, wasiulizwe kwa nini wamechelewa. Kila siku ya mwezi wao wa wiki sita ilipata jina lake. Ikawapo Siku ya Mlango. Ikawapo Siku ya Ng'ombe Kukaa. Pelagia, ambaye alisoma mpaka darasa la nne na mwandiko wake ulikuwa mzuri, aliziandika zote kwa penseli kwenye daftari, moja chini ya nyingine.

Bama alisema pia kwamba huko Magulumbi jua halichomozi mpaka mzee wa kwanza anywe kitu cha moto. Ndiyo maana ubao uliihesabu siku ya Magulumbi pale tu kahawa ilipopikwa na kunywewa. Kila baada ya kikombe cha kwanza Mizani alifunga fundo moja kwenye kamba ya katani aliyoitoa kwenye gunia la pamba. Zile siku tatu Pelagia alipokuwa zahanati, kahawa haikuwapo, na Mizani, kwa uaminifu wake, hakufunga fundo lolote.

Mwisho wa hesabu, kabla ya ndama kutoka upande wa pili, Bama aliweka siku moja ambayo mama na ndama wote hawapo angani. Hiyo hakuipa jina.

— Acha mstari mtupu, ng'wanone, alimwambia Pelagia, akimwita mwanangu kwa Kisukuma. Hiyo ni Siku Tupu. Huko hakuna anayesafiri siku hiyo. Anayetoka kwake siku hiyo hufika, lakini hafiki alikokuwa anakwenda. Anafika mahali panapofanana napo. Nyumba ni zilezile, sura za watu ni zilezile, ila si wao. Na jioni kwake anarudi mtu mwenye sura yake, na si yeye.

Siku aliyoyasema hayo walicheka mpaka Kengele akamwaga kahawa kwenye goti lake. Pelagia naye alicheka. Akauacha mstari mtupu.

Kisha Siku ya Mlango ikafika, na kimbunga cha vumbi kikaung'oa mlango wa banda la pamba na kuubwaga katikati ya mihogo ya watu. Walicheka, lakini si sana. Siku ya Ng'ombe Kukaa ilipofika, ng'ombe wanne wa Joakim, jirani wa Mizani, walilala zizini wakakataa kuinuka, na wawili walikufa kabla ya jioni. Hapo hakuna aliyecheka. Na kulikuwa na siku nyingine, ambayo Pelagia hakupenda kuitazama kwenye daftari lake. Wakati wa kutunga, Bama alipaliwa na kahawa, akakohoa mpaka machozi yakamtoka, na Pelagia, kwa kumtania, akasema basi na iwepo Siku ya Kukohoa. Wote walimsifu. Aliiandika mwenyewe. Siku hiyo ilipofika, kabla ya saa sita mchana, Malimi alikohoa kwa mara ya kwanza.

Tangu hapo Pelagia hakulala vizuri. Alijua kwamba vumbi la pamba na baridi ya asubuhi vinatosha kumkohoza mtoto. Alijua hivyo mchana. Lakini alipomwangalia mtoto akivuta pumzi, mbavu zikiingia ndani kama za kuku, alichoona ni mwandiko wake.

— Shemeji, sikatai kukupeleka, alisema Kengele alasiri ile, akilitazama gurudumu la mbele la baiskeli badala ya kumtazama Pelagia. Naomba tu iwe Jumamosi.

— Mganga alisema Ijumaa.

— Mganga hajui habari za Magulumbi.

— Ndiyo maana namwamini, alisema Pelagia, lakini sauti yake haikuwa na nguvu ya maneno yenyewe.

Upepo ulipiga, ukabeba vumbi kutoka barabarani. Mizani aliinuka, akahamia upande wa msumari, upande ambao hakuna mwenyeji aliyewahi kuukalia kwa hiari, akakaa nusu tako ili mgongo wake mpana umkinge mtoto. Pelagia aliona, akammiminia kikombe kabla ya wengine.

Kisha Mizani akatoa maelezo yake. Alisema yeye amepima pamba miaka sita na anajua jambo moja kuhusu uzito. Gunia moja halivunji kitu. Unaning'iniza la pili, la tatu, la kumi, chuma kinavumilia, na wewe unadhani kimezoea. Kumbe kinahesabu. Kila siku waliyoitunga pale ubaoni walikuwa wananing'iniza gunia kwenye chuma kimoja, na wamekwisha kuning'iniza mafundo hamsini na tatu. Kesho wanaongeza gunia lisilo na kitu ndani, na hilo ndilo analoliogopa, kwa sababu hajawahi kuona mizani ikipima kitu ambacho hakipo.

Kengele alimwambia aache kuisemea mizani yake, kwani wakulima wote wanajua ina mawazo yake yenyewe. Mizani alimtazama tu. Siku nyingine hapo pangekuwa na ugomvi wa saa nzima.

— Mimi nina la kwangu, alisema Kengele. Sikulisema kwa sababu mtanicheka.

— Tutakucheka, alisema Mizani. Sema.

Kengele alieleza kwamba Jumatatu, wakati wa kurudi na Pelagia, alipita kwenye lile jiwe kubwa lenye ufa, lililo karibu na njia ya mnada. Akaendesha. Akapanda, akashuka. Baada ya muda akalipita tena jiwe hilohilo, lenye ufa uleule, na ndege mweupe yuleyule juu yake. Hakumwambia Pelagia asije akamtisha. Maana yake, kwa maoni yake, ni kwamba barabara imeanza kujikunja. Nusu yake bado ni ya serikali, nusu imekwisha kuchukuliwa na Magulumbi, na kesho itachukuliwa yote, mpaka kwenye mlango wa zahanati.

— Ulipitia kilabuni, alisema Mizani.

— Na mtoto wa mtu mgonjwa nyuma yangu? Mimi?

Mizani akainamisha kichwa. Akasema amemkosea, amsamehe. Hilo lilimtisha Pelagia kuliko habari ya jiwe, maana kwa miaka yote aliyowapikia kahawa hakuwahi kuwasikia hao wawili wakiombana msamaha. Mgongoni mtoto alikohoa, kikohozi kidogo kikavu. Watu watatu wakaacha kunywa mpaka kilipokwisha.

Bama alikuwa mtu wa kuongea kwanza, na leo aliongea mwisho. Alisema wenzake wanalizunguka jambo. Alisema usiku uliopita aliwaza hivi: kama wao watatu wamekaa kwenye ubao wakaitunga Magulumbi, nani amesema kwamba huko Magulumbi hakuna ubao? Huenda upo. Huenda na wao wamekaa watu watatu, mama mmoja anawapikia kahawa, na wametunga nchi yenye mwezi mmoja angani, wiki ya siku saba, na mji mdogo uitwao Dutwa.

— Wametutunga sisi, alisema Bama. Wamezipa siku zetu majina. Mpaka Alhamisi. Halafu mmoja wao akamwambia yule mama, acha mstari mtupu.

Lori la pamba lilipita, likawafunika vumbi, na lilipotoweka Pelagia alijikuta ameufumbata mguu wa mtoto kwa nyuma, kwa nguvu mno.

— Baba Boniventura, alisema. Hii Siku Tupu uliitoa wapi? Nyingine zote najua zilivyotoka, nilikuwepo. Hii uliileta imekwisha kuiva.

Bama alikizungusha kikombe chake. Akasema walipokuwa vitani, huko msituni, mvua ilinyesha mpaka wakapotewa na hesabu ya siku. Mmoja akasema ni Jumanne, mwingine akasema ni Jumapili, wakawa karibu kupigana. Alikuwapo rafiki yake, Marcelo, mtu wa Kalemela, mcheshi sana. Marcelo akasema, basi leo haina jina, leo ni siku tupu, na katika siku tupu hakuna anayeweza kufa kwa kuwa wakubwa hawatajua waandike tarehe gani. Akachukua barua ya mkubwa wao kuipeleka ng'ambo ya kilima. Mwendo mfupi, njia aliyoizoea.

— Jioni alirudi mtu, alisema Bama. Alikuwa na sura ya Marcelo. Alikula, akalala. Hakusema neno siku ile, wala mwaka ule. Tulipanda naye meli kurudi, nikamfikisha kwa mama yake. Mama yake alimtazama, akaniuliza, mwanangu yuko wapi?

Alikunywa kahawa iliyokwisha kupoa. Akasema aliiweka siku hiyo kwenye kalenda ya Magulumbi kwa mchezo tu, apate kuitaja bila watu kujua anataja nini. Hakujua kwamba itamfuata mtoto wa mtu.

Pelagia alimwonea huruma, na wakati huohuo alitamani asingeuliza. Alijaribu kufikiri kama mtu mwenye akili zake. Angeweza kwenda kwa miguu. Akiondoka alfajiri angefika jua likiwa utosini, na mtoto angekuwa amemeza upepo na vumbi njia nzima. Na kwa miguu au kwa baiskeli, siku ni ileile. Angeweza kungoja Jumamosi. Jumamosi ilikuwa na jina. Lakini mganga alikuwa amemtazama usoni.

Aliwauliza, kwa sauti ndogo, wangemshauri nini kama Malimi angekuwa wao. Kengele alisema Jumamosi, kisha akasema hajui. Mizani alisema jambo hilo halipimiki. Bama alisema yeye hana haki ya kumshauri mtu tena.

Hapo ndipo alipofika mwanamke mmoja mtu mzima, kikapu cha samaki wakavu kichwani, harufu yake ikimtangulia. Aliwaamkia kwa Kisukuma, mwadila, wakaitikia. Alitua kikapu, akataka kukaa, na wanaume watatu wakamwonyesha kwa pamoja mahali penye msumari, akashukuru, wabeja, akakaa pengine. Alisema anaitwa Maximiliana, anatoka Kalemela, anakwenda na samaki wake hadi Bariadi, miguu imekataa, atalala hapo Dutwa kwa mkwewe. Akaomba kahawa. Pelagia akamiminia kilichobaki birikani, kikombe kimoja na mashapo chini.

Maximiliana alimwona mtoto. Alilaza kiganja chake juu ya kifua cha Malimi, akakiacha hapo kwa muda, akisikiliza kwa mkono.

— Huyu anatibiwa?

Pelagia alimweleza kuhusu sindano. Kisha, kwa kuwa mwanamke yule alikuwa na macho yanayosubiri, akamweleza na yale mengine: miezi miwili, siku tisa, kamba ya mafundo, mlango, ng'ombe, kikohozi, mstari mtupu. Wanaume walisaidia pale aliposahau. Mizani alimwonyesha kamba. Kengele alisimulia jiwe. Maximiliana alisikiliza yote bila kucheka, akinywa kidogo kidogo. Aliuliza hiyo Magulumbi iko chini ya mtemi gani, wakamwambia haiko. Aliuliza siku za huko zinahesabiwaje kama nchi yenyewe haiko, wakamweleza habari ya kahawa. Akatikisa kichwa kama mtu aliyeelezwa njia na ameielewa.

Kisha akauliza, akimtazama mmoja mmoja:

— Kesho kahawa anapika nani?

Mizani aliitazama kamba yake, akahesabu mafundo kwa kidole gumba, akafika mwisho, akarudi nyuma. Bama alilitazama birika. Kwa siku nne ubao ule ulikuwa umetetemeka kwa hofu ya siku ambayo isingeweza kufika mpaka Pelagia apike kahawa, na Pelagia kesho hatakuwapo. Anayetakiwa kusafiri ndiye mwenye birika. Ilikuwa mbele yao muda wote, na hakuna aliyeiona.

— Sijauliza kwa ubaya, alisema Maximiliana. Niliona tu ni mmoja anayepika.

Pelagia alitegemea kusikia kicheko, na kisikike cha kwake kwanza, lakini hakikuja. Hofu iliyokaa siku nne haiondoki kwa kuonyeshwa mlango. Aliinuka, akalipindua birika, akayamwaga mashapo kwenye majivu, yakafanya sauti ndogo.

— Mimi kesho nakwenda Bariadi, alisema. Anayekuja kunywa kahawa atakuta mafiga baridi.

Mizani aliinuka pia. Akasema, shemeji, naomba hilo birika nikalifungie kwenye banda la pamba, kwa kufuli. Watu wa mji huu hawaaminiki, anaweza akatokea mmoja akapika. Alisema hivyo bila tabasamu, akalichukua kwa mikono yote miwili ingawa lilikuwa limemchafua kwa masizi.

Kengele alikuwa anabonyeza tairi ya nyuma kwa vidole, ingawa ilikuwa ngumu kama jiwe.

— Saa kumi na moja alfajiri nitakuwa mlangoni kwako, alisema. Naogopa, nakwambia kabisa. Usije ukadhani siogopi. Lakini nitakuwepo.

Bama alivua koti lake la jeshi, lililokuwa na umri wa vita na viraka vya baada ya vita, akamfunika nalo mtoto mgongoni kwa mama yake, akafunga kifungo kimoja kifuani kwa Pelagia kama anavyofungiwa mtoto anayekwenda shule. Akaondoka na shati lake jembamba kwenye upepo.

Asubuhi Kengele alikuja bila kupiga kengele. Alimwamkia Pelagia mara moja tu, akamwomba wasisemeshane kwenye miteremko. Wakaondoka kukiwa bado na kiza chembamba. Pelagia alikaa nyuma, mtoto kifuani ndani ya koti, na kila walichokipita alikitazama mara mbili. Mti wa mkwaju ulikuwa mahali pake. Kisima kilikuwa mahali pake. Jiwe lenye ufa lilipita, na wote wawili walijizuia kupumua kwa muda mrefu baada yake, mpaka njia ya mnada ikawa nyuma kabisa na jiwe halikutokea tena. Kengele aliendesha kwa nguvu mno, mgongo wake ukalowa. Mwanamke mmoja alikuwa anavuka barabara na mtungi. Pelagia alimwamkia, mwangaluka, mayu, ili asikie ataitikia nini. Aliitikia kama watu wote wanavyoitikia. Lakini hata huko, Pelagia aliwaza, si wangeitikia vivyo hivyo?

Zahanati ilikuwa mahali pake, kuta nyeupe, foleni ya akina mama chini ya ukuta wenye kivuli. Yule mganga wa Jumamosi hakuwapo. Alikuwapo mwingine, mwembamba, mwenye miwani, ambaye hakumfahamu Pelagia na ilimbidi aitafute karatasi yake kati ya nyingine. Alitaka kumuuliza yule mwenzake yuko wapi, akaogopa jibu. Alijaribu kufungua kifungo cha koti, kikamshinda. Mama mmoja kwenye foleni, asiyemjua, mwenye mtoto wake mwenyewe mgongoni, alisogea, akakifungua kifungo, akampokea Malimi kwa mkono mmoja na kwa mwingine akamshika Pelagia kiwiko. Karatasi ikaonekana.

— Sindano ya tatu, alisoma mganga. Umefanya vizuri kutokuchelewa, mama. Mshike miguu.

Malimi alilia. Hakukuwa na ule mlio wa wiki iliyopita, uliokatikakatika kama wa paka mchanga. Alilia kwa kifua kizima, akavuta pumzi ndefu isiyo na mluzi, akalia tena, mpaka watoto wa foleni nzima wakaanza na wao, na nje, kwenye dirisha dogo lisilo na kioo, kichwa cha Kengele kikatokea, jasho likimtiririka, macho yamemtoka.

— Shemeji, alisema. Ni wetu huyo?

Pelagia alimgeuza mtoto kwenye mwanga. Alikuwa amekunja uso kwa hasira, mdomo wazi, fizi tupu, na ngumi moja ilikuwa imekamata gauni la mama yake, imelivuta mpaka mshono umeachia. Alimtazama kwa muda mrefu kuliko alivyohitaji.

— Ni wetu, alisema.